Mlango wa Watoto: Jinsi Maktaba Zilivyojifunza Kuwapokea Vijana



Katika Injili tunasoma kwamba watu walimletea Yezu watoto, na mitume wakawazuia. Tumezoea kuisikiliza habari ile kama habari ya upole wa Bwana, na ndivyo ilivyo. Lakini ndani yake mna pia habari ya mlango na walinzi wake. Mitume hawakuwa watu wabaya. Walidhani wanalinda kitu chenye thamani: muda wa Mwalimu, utulivu wa mafundisho, heshima ya mahali. Safari hii tumependa kutafakari pamoja nanyi historia ya mlango mwingine, ambao kwa miaka mingi ulilindwa kwa sababu zilezile, yaani mlango wa maktaba, au bibliyoteke kama wengi wetu tunavyoiita. Tutaifuata historia hiyo hasa Marekani, kwa kuwa huko iliandikwa kwa urefu, kisha tutapita Ubelgiji na Ufaransa, na mwisho tutafika karibu na nyumbani, ng'ambo kidogo ya mpaka wa Katanga.

Maktaba za umma zilipoenea Marekani katika nusu ya pili ya karne ya 19, nyingi ziliweka umri wa kuingia. Penginepo ilikuwa miaka 12, penginepo 14 au zaidi. Mtoto alihesabiwa kuwa kelele, mikono michafu na kurasa zilizochanika. Vitabu vyenyewe vilikaa nyuma ya meza ndefu. Msomaji alitaja kitabu anachokitaka, na mtumishi akaenda kumletea. Mtu asiyejua jina la kitabu alirudi kwao mikono mitupu, na mtoto, kwa kawaida, ndiye asiyejua.

Waliouvunja ukuta huo walikuwa wanawake kwa sehemu kubwa sana. Huko Pawtucket, mji wa viwanda vya pamba katika jimbo la Rhode Island, Minerva Sanders aliwatengea watoto sehemu ya chumba cha kusomea mwaka 1877, akawawekea meza na viti vya kimo chao. Tusilipite jambo hilo upesi kana kwamba ni la mafundi seremala tu. Kiti kifupi ni tamko. Kinamwambia anayeingia kwamba alikuwa akingojewa. Katika mji wa Hartford, Caroline Hewins aliziandikia maktaba nyingine kuziuliza zinafanya nini ili wavulana na wasichana wapende kusoma vitabu vizuri, kisha mwaka 1882 akauleta mkusanyo wa majibu mbele ya chama cha wakutubi wa nchi yake. Majibu mengi yalikuwa haba. Miaka 12 baadaye, mwaka 1894, Lutie Stearns wa Milwaukee alisimama katika mkutano wa chama hicho huko Lake Placid, akadai mambo ambayo leo yanaonekana ya kawaida: mipaka ya umri iondolewe, watoto wawe na chumba chao, na chumba hicho kiwe na mtumishi aliyesomea kazi ya kuwahudumia.

Hapo ndipo anapoingia Anne Carroll Moore, ambaye tungependa kukaa naye kidogo. Alizaliwa mwaka 1871 katika jimbo la Maine. Mwaka 1896 alikabidhiwa chumba cha watoto katika maktaba ya Pratt Institute, Brooklyn, jengo ambalo tangu kuchorwa kwake lilikuwa na chumba hicho. Mwaka 1906 alichukuliwa na Maktaba ya Umma ya New York ili asimamie kazi yote ya watoto katika matawi yake, na akaishika kazi hiyo hadi alipostaafu mwaka 1941. Matawi hayo yalikuwa mengi, maana mfanyabiashara wa chuma Andrew Carnegie alitoa fedha za kujenga maktaba zaidi ya 2,500 duniani, na New York ilipata fungu lake. Jumba kuu la New York lilipofunguliwa mwaka 1911, chumba cha watoto kilikuwa ndani yake.

Moore aliondoa mabango ya kuamuru ukimya. Alileta maua, picha ukutani, saa ya hadithi. Aliruhusu watoto wachukue vitabu kwenda navyo nyumbani, hata watoto wa wahamiaji waliokaa kumi katika chumba kimoja, ambao wengi waliogopa kwamba wangepoteza kila walichopewa. Namna yake ya kujenga uaminifu ilikuwa moja tu. Palikuwa na daftari kubwa, na mtoto aliyetaka kuazima alitia sahihi jina lake kwa mkono wake, akiahidi kuvitunza vitabu pale maktabani na nyumbani, na kuzishika kanuni za mahali pale. Hakudaiwa dhamana ya fedha wala barua ya tajiri. Jina lake lilitosha. Kwa mtoto wa mvuja jasho aliyefika juzi kwa meli kutoka Italia au Urusi, huenda hiyo ndiyo ilikuwa mara ya kwanza kwa mtu mwenye mamlaka kulipokea jina lake kama neno la kuaminika. Kufikia mwaka 1913, theluthi moja ya vitabu vyote vilivyoazimwa katika matawi ya New York vilikuwa vitabu vya watoto.

Hata hivyo, afunguaye mlango anaweza mwenyewe kugeuka mlinzi mkali. Moore alikuwa na maoni mazito juu ya kitabu gani kinamfaa mtoto, na wachapishaji walimwogopa. Kitabu kidogo kiitwacho Goodnight Moon, kilichotoka mwaka 1947 na kupendwa na watoto wadogo wa nchi nzima, yeye hakukipenda, ingawa alikuwa amekwisha kustaafu. Maktaba ya New York haikukinunua hadi mwaka 1972. Miaka 25 kwa kitabu cha kumlaza mtoto usingizi! Tunalitaja jambo hili si kwa kumdharau mama huyo, aliyetenda mema kuliko wengi, bali kwa sababu swali lake ni letu pia. Nani achague? Kwa kipimo gani?

Wako waliochagua kwa kipimo kipana zaidi. Mwaka 1921 tawi la mtaa wa 135, huko Harlem, lilimpokea kazini Pura Belpré, msichana wa Puerto Rico, wa kwanza wa taifa lake katika maktaba hiyo. Alikuta rafu zimejaa hadithi, lakini hadithi alizozisikia kwa wazee wake kisiwani hazikuwamo hata moja. Basi akaanza kuzisimulia mwenyewe, kwa Kihispania na kwa Kiingereza, akiwatumia vikaragosi vya kuchezesha kwa mkono; na mwaka 1932 akachapisha ile ya mende Martina na panya Pérez. Baadaye katika tawi la mtaa wa 115 alianzisha maadhimisho ya sikukuu ya Wafalme, ambayo sisi tunaiita Tokeo la Bwana, na akina mama ambao hawakuwahi kukanyaga maktaba wakaja na watoto wao, kwa kuwa ile ilikuwa sikukuu yao. Katika tawi la Harlem, Augusta Baker, mwanamke mweusi aliyeanza kazi mwaka 1937, alipekua vitabu vilivyowahusu watu weusi akaona vingi vinawachora kama vikatuni. Hakuishia kulalamika. Alikusanya vitabu vyenye heshima, akatunga orodha yake, akaichapisha, akawabana wachapishaji mpaka wakaanza kubadilika. Mwaka 1961 aliwekwa kuratibu kazi ya watoto katika maktaba yote ya New York, kwenye kiti kilichorithiwa kutoka kwa Moore.

Sasa tuvuke bahari. Baada ya Vita Kuu ya Kwanza, kamati ya wanawake wa Marekani iliamua kuzipa nchi zilizoumizwa na vita zawadi isiyo ya kawaida: si unga wala mablanketi, bali maktaba za watoto. Ya kwanza ilifunguliwa Brussels mnamo Septemba 1920, ikaitwa L'Heure Joyeuse, Saa ya Furaha. Ya pili, yenye jina lilelile, ilifunguliwa Paris katika rue Boutebrie mnamo Novemba 1924. Pale Paris wavulana na wasichana walikaa pamoja katika chumba kimoja, jambo lililowakwaza wengi. Walizifikia rafu wenyewe, walitia sahihi ahadi yao katika daftari kama watoto wa New York, na walishiriki kuitunza nyumba. Mmoja wa wakutubi wake wa kwanza, Claire Huchet, baadaye alihamia Marekani, akawa mtunzi wa vitabu vya watoto, na kama Mkatoliki akafanya kazi kubwa ya kusafisha mafundisho ya Wakristo yaliyowadharau Wayahudi. Hatushangai. Aliyekwisha kuona kile ambacho kitabu kibaya humfanyia mtoto hawezi kukaa kimya mbele ya katekisimu mbaya.

Hapa hatuwezi kuacha kuikumbuka nchi yetu. Mwaka 1920 Brussels ilikuwa mji mkuu wa dola iliyotutawala, na Kongo ilikuwa koloni la Ubelgiji tangu mwaka 1908. Masomo ya Wakongo yalikuwa karibu yote mikononi mwa misioni, nayo kwa wengi yaliishia darasa za kwanza; Chuo Kikuu cha Lovanium kilianza mwaka 1954 tu, miaka sita kabla ya uhuru. Mtoto wa Brussels alipewa rafu zilizo wazi na kuambiwa achague. Babu zetu walipewa kitabu cha kusoma, na mara nyingi kilikuwa kimoja. Tunawashukuru wamisionari waliotufundisha herufi, na wengi wao walizimaliza nguvu zao kwa kazi hiyo. Lakini kujua kusoma na kuwa na kitu cha kuchagua ni mambo mawili, na la pili lilichelewa sana kutufikia. Pengine halijatufikia bado.

Vijana, yaani wale ambao si watoto tena wala hawajawa watu wazima, walingojea zaidi. Katika chumba cha watoto walijiona wakubwa mno. Katika chumba cha wakubwa walitazamwa kama wezi. Margaret Edwards aliianza kazi yake kwa ajili yao mwaka 1932 katika maktaba ya Enoch Pratt mjini Baltimore, akaendelea nayo kwa miaka 30. Kwa kuwa vijana hawakuja, aliwafuata. Aliingia katika shule za sekondari na mzigo wa vitabu, akavisimulia kwa maneno machache mpaka wasikilizaji wakataka kuujua mwisho. Wakati wa Vita Kuu ya Pili alikodi gari la kukokotwa na farasi, akalijaza vitabu, akapita nalo katika mitaa ya maskini wakati wa kiangazi. Wasaidizi wake aliwabana vilivyo: hakuna aliyeruhusiwa kumshauri kijana juu ya kitabu bila kuwa amesoma vingi vya kutosha na kuhojiwa juu yake. Tunadhani kanuni hiyo ingewafaa hata viongozi wa vikundi vyetu.

Ilipofika miaka ya 1990, mlango ulibadilika umbo. Mwaka 1995, katika Chuo Kikuu cha Michigan, mwalimu mmoja na wanafunzi wake walifungua maktaba isiyo na jengo, iliyokuwa katika intaneti peke yake, nayo tangu mwanzo ilikuwa na sehemu ya watoto na vijana. Mwaka uliofuata sheria mpya ya mawasiliano ya Marekani iliagiza shule na maktaba zipunguziwe bei ya intaneti, kati ya asilimia 20 na 90, na kadiri mtaa ulivyokuwa maskini ndivyo punguzo lilivyokuwa kubwa. Mtoto ambaye kwao hapakuwa na kompyuta alipata kufanya utafiti wa masomo yake pale pale alipokuwa akiazima vitabu.

Na hofu za zamani zikarudi, safari hii zikiwa na msingi zaidi. Kitabu kichafu hakikuwa na njia rahisi ya kuingia katika rafu ya Moore. Katika intaneti, uchafu unabisha hodi wenyewe. Desemba 2000 ilitoka sheria iliyozitaka maktaba zinazopokea misaada ile ziweke chujio katika kompyuta zake, ili kuzuia picha za uchi na mambo yanayowadhuru watoto. Chama cha wakutubi kilikwenda mahakamani. Mwaka 2003 Mahakama Kuu kabisa ya nchi ile iliithibitisha sheria, majaji sita dhidi ya watatu, ikikumbusha kwamba mtu mzima anaweza kuomba chujio lifunguliwe.

Tuipime hoja ya kila upande kwa haki. Waliotaka chujio hawakuwa wajinga: picha zile zinaharibu roho, na wako watu wazima wanaowawinda watoto kwa maneno matamu. Waliolipinga nao waliona jambo la kweli. Chujio halisomi, linahesabu maneno. Msichana anayetafuta habari za ugonjwa wa matiti, au kijana anayetaka kujua namna UKIMWI unavyoambukizwa, anaweza kufungiwa mlango pamoja na mwenye nia mbaya. Zaidi ya hayo, chujio hilo liliwaangukia hasa maskini, kwa kuwa mtoto wa tajiri alikuwa na intaneti yake nyumbani, na hakuna sheria iliyomfuata huko.

Sisi Wakatoliki hatuna haki ya kuwacheka walioweka chujio, maana Kanisa lilikuwa na la kwake. Orodha ya vitabu vilivyokatazwa ilidumu tangu karne ya 16 mpaka mwaka 1966, ilipoondolewa nguvu ya sheria na dhamiri ya msomaji ikaachiwa mzigo wake. Lakini Kanisa hilohilo lilikuwa pia na Don Bosco, ambaye mwaka 1853 hakuona kwamba kukataza vitabu vibaya kunatosha, akaanza kuchapa kila mwezi vijitabu vya bei ndogo ili watu wa kawaida wawe na kitu kizuri cha kusoma. Wana wake walifika Katanga mwaka 1911, mwaka uleule wa jumba la New York. Na mwaka 2002 Baraza la Kipapa la Mawasiliano lilipotoa hati mbili juu ya intaneti, liliwashauri wazazi watumie chujio pale inapowezekana. Ila likaongeza kwamba wazazi na watoto wazungumze juu ya yale wanayoyaona huko. Tunaona uzito wote uko katika sehemu hiyo ya pili. Mtakatifu Carlo Acutis, aliyefariki mwaka 2006 akiwa na miaka 15 na kutangazwa mtakatifu Septemba 2025, hakuifahamu kompyuta kama mtego tu. Aliitumia kukusanya na kuonyesha habari za miujiza ya Ekaristi.

Maktaba zenyewe, katika miaka iliyofuata, zilielewa kwamba kijana hatosheki kutazama. Mwaka 2009, ndani ya maktaba kuu ya Chicago, palifunguliwa mahali pa vijana paitwapo YOUmedia. Humo waliazima kompyuta za mkononi na kamera, wakarekodi muziki, wakatunga mashairi, na watu wazima wenye ujuzi walikuwapo kuwasaidia bila kuwasimamia kichwani. Vitabu havikutolewa nje. Vilikaa pembeni yao.

Kwetu hali ni tofauti, na lazima tuseme ukweli wake. Kijana wa Lubumbashi, Bukavu au Kalemie mwenye simu anaingia katika maktaba kubwa kuliko zote zilizowahi kuwako, lakini hana mkutubi, hana rafu iliyopangwa, na mega zake zinaisha kabla hajapata alichokitafuta. Hana Edwards wa kumfuata na gari la farasi. Kobalti iliyomo katika betri ya simu hiyo huenda ilichimbwa Kolwezi, na mtoto wa mchimbaji hana kitabu cha hadithi hata kimoja. Katika parokia nyingi tunazozijua vitabu vipo: vimo kabatini, ufunguo uko kwa mtu mmoja, na mtu huyo hayupo siku za juma.

Ndiyo maana tunapenda kuwaelekeza macho kwa jirani zetu wa Zambia. Mwaka 2007 ilifunguliwa mjini Lusaka maktaba ya kwanza ya Lubuto, neno la Kibemba linalobeba maana ya mwanga na maarifa. Ilianzishwa na mkutubi wa Marekani, Jane Kinney Meyers, kwa ajili ya watoto wote, na hasa wale wa mitaani, yatima, na wasiokuwa na nafasi shuleni. Haikujengwa kwa mfano wa ofisi. Ina nyumba tatu zilizochorwa kwa kufuata ujenzi wa kienyeji: moja ya kusomea, moja ya sanaa, na ya tatu ni insaka, mahali ambapo wazee na vijana hukaa na kuzungumza. Watoto hujifunza kuchora, kuigiza na kusimulia. Walipoona kwamba wengi hawajui kusoma kwa lugha yoyote, walimu wa Zambia walishirikiana na vijana, waliofundishwa kutengeneza programu za kompyuta, wakatunga masomo ya kusoma katika lugha saba za nchi yao. Nne kati ya hizo ni Kibemba, Kilunda, Kikaonde na Kiluvale, ambazo husemwa pia upande wetu wa mpaka. Mtoto wa Sakania angeweza kukaa mbele ya kompyuta ile na kuanza somo la kwanza bila mkalimani.